Mwanangu, kabla ya Jumamosi

Mwanangu,

Marahaba. Picha za nywele zako nimeziona, nimezikuza mpaka simu ikagoma, na ujumbe uliozifuata nimeusoma pia: "Mama nimechoka, Jumamosi natia dawa." Nimekupigia hukupokea. Najua uko kazini, kwa hiyo naandika, na tafadhali usiruke aya kama kawaida yako.

Swali langu ni moja. Ile kondishena ya kuacha kichwani, unapoipaka nywele zinakuwa na maji, au zimeshakauka?

Nauliza kwa sababu ya yale meupe. Kwenye picha ya pembeni, pale juu ya sikio, kuna vipande vyeupe vimenata kwenye nywele kama sabuni iliyokaukia kwenye beseni. Wewe umeandika ni mba. Mba hutoka kwenye ngozi, na hapo ngozi yako naiona safi. Vile ni kondishena yenyewe, imekaa juu ya nywele kavu, juu ya jeli, juu ya kondishena ya juzi. Unapaka asubuhi, mchana nywele zimekuwa ngumu, unaongeza nyingine, jioni zimekuwa kama brashi, halafu unaniandikia kwamba una nywele mbaya. Nani kakwambia una nywele mbaya? Nywele hizo nimezichana tangu hujaota meno, nazijua.

Ndani ya kondishena mna maji, ndiyo. Mara nyingi ndicho kitu cha kwanza kuandikwa kwenye orodha. Lakini kile unachopaka hakiwezi kulowesha kichwa kizima. Kazi yake ni kuzipa nywele utelezi, kulaza magamba madogo ya nje ya unywele yasikwaruzane, na kuyachelewesha maji uliyokwisha kuyaweka yasikimbie haraka. Sasa kama hujaweka maji yoyote, inachelewesha nini?

Fanya hivi, na ufanye Ijumaa usiku, siyo Jumamosi asubuhi huku unatafuta viatu. Osha kwanza kwa shampuu, ngozi ya kichwa uisugue kwa ncha za vidole bila kucha, maana huo mrundikano hautoki kwa maji matupu. Suuza, paka ile kondishena ya kusuuza, tenganisha mafundo ikiwa bado imo kichwani, suuza tena. Usizisugue kwa taulo. Chukua fulana kuukuu ya pamba, uzibane kidogo kidogo. Unajuaje zimefikia? Kamata fungu la nywele ulikamue: kiganja kilowe, lakini maji yasishuke mpaka kwenye kiwiko. Hapo ndipo pa kupaka. Ukienda kujibu simu kwanza umeshachelewa. Unazo dakika chache tu, na nywele zikianza kukauka zinyunyizie maji tena kabla ya kuendelea.

Gawa mafungu manne, matatu yabane kwa vibanio. Kwa urefu wako nusu kijiko cha chai kwa kila fungu kinatosha kuanzia. Isambaze kwanza kwenye viganja, uanzie kwenye ncha, upande nayo taratibu, ukibakiza upana wa vidole viwili usiguse ngozi. Pitisha vidole, kisha chanuo la meno mapana, chini kwenda juu, siyo juu kwenda chini kama unavyopenda kuzikokota. Maji yakiwa yametosha utasikia kwa mikono kabla hujaona kwa macho: nywele zinateleza, na zile pete ndogo zinajikusanya zenyewe, kadhaa kwa pamoja. Zikitoa weupe usioisha hata ukipitisha vidole, umezidisha. Lowesha mikono usambaze, usiongeze. Ukimaliza, mafuta kidogo kwenye ncha kama unataka, sokota au funga mabutu, na usiyafumue mpaka yakauke mpaka ndani.

Najua utaniambia huna muda. Muda wa kukaa kwenye kiti ukiunguzwa kichwa unao.

Kinachonishangaza ni kwamba wewe ndiye uliyekuwa ukimfundisha mdogo wako asidi na besi pale mezani, na mpaka leo akifaulu jaribio anakutaja wewe, hamtaji mwalimu. Iweje chupa ya kondishena ikushinde kusoma mgongoni? Unywele una chaji hasi, na inazidi pale ulipochakaa. Kwenye chupa utakuta majina marefu yanayoanza na behentrimonium au cetrimonium. Hizo zina chaji chanya, kwa hiyo zinanata kwenye unywele, na zinanata zaidi palipoharibika. Ndiyo maana kidogo kinatosha na ndiyo maana ncha zinakuja kwanza. Ncha zako ndizo kongwe. Nywele hukua sentimita moja na kidogo kwa mwezi, basi unywele wako wa sentimita 30 ncha yake ina miaka zaidi ya miwili, imepita kwenye kila chanuo na kila mto uliolalia. Na mafuta ya asili ya ngozi hayafiki huko. Kwenye unywele ulionyooka yanateremka, kwenye wako yanakutana na kona baada ya kona. Kila kona pia ni mahali pa kukatikia. Hizo zinazobaki sinkini unazozipiga picha, nyingi ni fupi, au siyo? Fupi maana yake zimekatika. Zinazong'oka zenyewe kwa muda wake huwa ndefu, na mwisho mmoja una kijidoti cheupe.

Usitishwe na neno alcohol kila unapoliona. Cetyl alcohol na cetearyl alcohol ni za kulainisha, ziko kama nta. Ya kuiogopa ni alcohol denat. ikiwa karibu na mwanzo wa orodha, hiyo hukausha. Chupa uliyonitumia picha yake ina keratini na protini ya ngano juu kabisa. Siyo mbaya, lakini ukiipaka kila siku kwenye nywele ambazo hazikuhitaji, zinakakamaa. Tumia kwa kupokezana na nyingine isiyo na protini. Glisirini nayo kazi yake ni kuvuta maji, ila huko uliko ni baridi kavu na hita inawaka mchana kutwa, hewa haina maji ya kuvutwa. Usiitegemee yenyewe tu. Na narudia, hata hiyo ipakwe juu ya maji.

Ile tabia ya kuacha kondishena ya kusuuza kichwani ili usinunue chupa ya pili, iache. Najua umeirithi kwa nani, tusiifuatilie. Zile zimetengenezwa zikitarajiwa kuoshwa. Kuna kihifadhi kinaitwa methylisothiazolinone, Umoja wa Ulaya ulikipiga marufuku mwaka 2017 kwenye vipodozi vyote vya kuachwa mwilini kwa sababu ya mzio wa ngozi, ila kwenye vya kusuuza kinaruhusiwa, kisizidi 0.0015%. Wewe hapo shingoni ulikuwa na vipele mwezi uliopita ukasema ni kola ya shati. Angalia chupa. Na chupa mpya yoyote, paka kidogo kwenye mkunjo wa mkono ukae siku mbili uone, ndipo uipeleke kichwani.

Shangazi yako amesikia habari zako, naye ana ushauri, kama ujuavyo. Anasema upake mafuta mengi kwenye ngozi ya kichwa kila usiku. Usimbishie, mwitikie tu, halafu usifanye. Fangasi wanaohusika na mba wanakula mafuta hayohayo. Na ile chupa ya maji na shubiri aliyokukorogea mwaga, imeshakaa sana. Kitu cha maji kisicho na kihifadhi huota vijidudu hata kabla hakijanuka. Cha kunyunyizia katikati ya wiki ni maji safi, kisha kondishena kiasi cha kucha ya kidole gumba, ncha peke yake.

Sasa hiyo dawa ya kunyoosha nywele.

Wewe ni mtu mzima na kichwa ni chako. Ukizikata zote mpaka chini sitalia. Una umbo la kichwa la bibi yako na litakupendeza. Hata dawa, ukitia kwa sababu unataka nywele zilizolala, sina la kusema, wako wengi wanapendeza nazo. Lakini kutia kwa sababu umechoka ni kitu kingine. Zile za hidroksidi zina pH ya 12 na kupanda, yaani ni besi kali, zinavunja viungo vya salfa ndani ya unywele, na havirudi. Hakuna kondishena ya kuvirudisha, hata iandikwe nini kwenye boksi. Ukijuta, unasubiri ziote upya kutoka mzizini, sentimita kwa sentimita. Na zile zinazouzwa kwamba ni za upole kwa kuwa hazina sodiamu, nyingi zina hidroksidi ya aina nyingine. Siku ile ya kidonda nyuma ya sikio unaikumbuka kuliko mimi. Kile kitana nilikitupa, sijui kama nilikwambia.

Kama hutanisikia na ukaenda, basi angalau usioshe wala kukuna kichwa siku zile za karibu kabla ya kwenda, hata kule kuosha kwa Ijumaa ukuache, na ikianza kuwasha moto sema palepale, usivumilie eti ili ishike. Wewe una shida ya kuvumilia vitu ambavyo havihitaji kuvumiliwa. Kwenye simu unasema "nipo sawa mama" kwa sauti ileile uliyoitumia ulipovunjika kidole.

Kingine nilichokiona kwenye picha, za mbele. Pembeni mwa paji la uso zimepungua. Hilo sidhani kama ni la kondishena, ni kule kuzivuta nyuma zikiwa mbichi na kuzikaza kwa mpira ili uwahi kutoka. Unywele uliolowa hunyumbulika zaidi na hukatika kirahisi zaidi. Legeza. Kama pana maumivu, vipele, au pametokea sehemu laini inayong'aa, usipake kitu, nenda kwa daktari wa ngozi, maana mizizi ikishafungwa na kovu haifunguki. Usiku funga kitambaa cha satini. Kile cha bluu nimekipata nyuma ya kabati lako, nitakituma na mtu.

Nikiwa hapo hapo kwenye kabati: mdogo wako amehamia chumbani kwako. Hakuniomba ruhusa, nilikuta tu vitabu vyake vimepangwa kitandani na blanketi lako kalitandika. Nimemwacha, amepunguza kelele tangu ahamie. Bomba la bafuni limerudia kuvuja, fundi amekuja mara mbili na mara zote mbili limevuja alipofika getini. Baba yako anasema atalifunga mwenyewe, kwa hiyo tunakinga maji kwa ndoo. Miwani yake imepotea tena. Amesoma ujumbe wako kwa miwani yangu, akauliza dawa gani, unaumwa nini, nikamweleza, akanyamaza kidogo, kisha akasema mwambie asiguse chochote mpaka aje nyumbani. Nimemwambia huji mpaka mwisho wa mwaka. Akasema basi asubiri. Ndivyo alivyo.

Halafu nikupongeze, nimesahau. Bosi wako kukukabidhi ile ripoti peke yako siyo jambo dogo, na ulilisema katikati ya malalamiko ya nywele kana kwamba ni habari ya hali ya hewa. Nimewasomea wote hapa nyumbani.

Usinijibu kwa kidole gumba tu. Niandikie: zilikuwa na maji au hazikuwa? Kama zilikuwa na maji na bado ziko hivyo, nitumie picha ya nyuma ya chupa, orodha yote, isiwe ukungu, na uniambie kama maji ya huko yanaacha ukoko mweupe kwenye birika. Maji magumu nayo huacha madini kwenye nywele, na hapo itabidi utafute shampuu ya kuyatoa, siyo kondishena nyingine.

Baba yako anasalimia. Anauliza waya wa printa uliuweka wapi. Mdogo wako ana kazi ya kuwasilisha Jumatatu na tumeshapekua kila droo.

Mama