Mjomba, ile habari ya Napoleon na theluji tuiongee

Mjomba shikamoo,

Natumaini ulifika salama na ule mguu umetulia. Nakuandikia hapa hadharani kwa sababu siku ile kwenye arobaini ya bibi nilinyamaza, ulikuwa umekaa chini ya mwembe watoto wamekuzunguka, ukawaambia Napoleon, yule mfalme wa Ufaransa aliyevamia Urusi, alikuwa na jeshi lisilopigika ila theluji ya Urusi ndiyo ikammaliza, na mimi nani nikubishie mbele za watu na sahani ya pilau mkononi. Lakini haijanitoka mpaka leo. Wale watoto wataenda kuijibia mtihani hiyo.

Tuangalie kalenda tu kwanza. Mto Neman, uliokuwa mpakani mwa Urusi, jeshi lake lilianza kuuvuka tarehe 24 Juni 1812. Juni mjomba! Huko kwao ndiyo joto lenyewe. Waliovuka mwanzoni walizidi laki nne, na waliofuata nyuma wakafanya jumla ipite laki sita, Wafaransa, Wapoland, Wajerumani, Waitaliano, Waholanzi, yaani nusu ya Ulaya imeburuzwa kwenye ugomvi ambao kwa kiasi kikubwa ulikuwa wa biashara, maana Napoleon kapiga marufuku kununua na kuuza na Waingereza, mfalme wa Urusi Alexander I akaona hiyo inamtia hasara akaanza kulegeza. Caulaincourt, ambaye alikuwa balozi wa Ufaransa kulekule Urusi, alimwonya bosi wake waziwazi kwamba hii safari usiende. Hakusikilizwa.

Sasa hapa nisikilize vizuri maana unajua mimi ni mtu wa malori, mizigo ndiyo inanilisha. Jeshi lile lilikuwa na farasi zaidi ya laki moja, na farasi anakula kila siku awe anatembea au amesimama, siyo Scania kwamba ukizima injini basi. Mikokoteni ya chakula cha askari nayo inavutwa na wanyama wanaotaka kula, kwa hiyo kadiri unavyoenda mbali ndivyo mzigo unavyoliwa na anayeuvuta. Kule Ujerumani na Italia walizoea kujichukulia vijijini, jeshi linapita linakomba maghala linaendelea. Lithuania na Belarus vijiji ni vya kuhesabu, watu wenyewe maskini, na Warusi kila wakirudi nyuma wanachoma walichoshindwa kubeba. Siku chache tu baada ya kuvuka mto mvua kubwa ikashuka, barabara ikawa tope, mikokoteni ikabaki nyuma huko, farasi wakalishwa nafaka mbichi shambani wakavimba matumbo wakafa kwa maelfu. Hiyo bado hata vita kubwa haijapiganwa! Askari wakanywa maji ya madimbwi, kuhara kukaingia, chawa wakaingia, na chawa wa enzi zile walikuwa wanaua kuliko bunduki (mwaka 2001 pale Vilnius, Lithuania, walifukua kaburi lenye mifupa ya maelfu ya askari hawa, wataalamu walipopima wakakuta alama za magonjwa ya chawa).

Kuna mchoro mmoja nitakuonyesha kwenye simu, ulichorwa 1869 na mhandisi Mfaransa anaitwa Charles Joseph Minard, yeye kalichora jeshi kama mto, unene wa mto ndio idadi ya watu. Mto unaanza na 422,000 pale Neman. Ukifika Moscow umebaki 100,000. Ni kweli wengine waliachwa njiani kulinda miji na pembeni, lakini angalia huo mto unavyokonda wakati wa KWENDA, jua linawaka, theluji haijadondoka hata punje.

Vita ya Borodino, karibu na Moscow, sitakusimulia sana maana wewe unaipenda hiyo sehemu ya mizinga, ni tarehe 7 Septemba, watu kama elfu 70 wa pande zote mbili waliuawa au kujeruhiwa siku moja, na Kutuzov, kamanda wa Warusi, akarudi nyuma jeshi lake likiwa hai. Halafu akawaachia mji wa Moscow. Napoleon akaingia Moscow tarehe 14 hakuna wa kumpokea, hakuna wa kumkabidhi funguo, na usiku huohuo moto ukaanza, gavana Rostopchin alishaondoa pampu za kuzimia moto, mji ukaungua siku nne, sehemu yake kubwa ikateketea. Hapo ndipo mimi namlaumu Napoleon mwenyewe, siyo theluji. Alikaa siku 35 anasubiri barua ya Alexander! Anatuma wajumbe, hajibiwi, anatuma tena, hajibiwi, siku zinakatika. Aliyeshinda haombi amani mjomba, sasa yeye anaomba nini.

Wakatoka tarehe 19 Oktoba na hali ya hewa ilikuwa nzuri tu. Na waliondoka wamebeba nini? Mazulia, vyombo vya fedha, makoti ya manyoya, magari ya kifahari foleni haina mwisho. Chakula cha kutosha hakuna. Walitaka kupita kusini ambako hakujachomwa, wakazuiwa na Warusi kwenye mji wa Maloyaroslavets, wakarudi kwenye barabara ileile waliyoikomba wakati wa kwenda, wakapita Borodino maiti za Septemba bado ziko juu ya ardhi. Theluji ilianza mwanzoni mwa Novemba ikakuta watu walishakwisha. Na vyuma vya kwato za farasi havikuwa na meno ya kukamatia barafu, kila kilima farasi anateleza anaanguka, akianguka analiwa.

Alafu hii ndiyo ninayoipenda: mto Berezina, mwishoni mwa Novemba. Shida pale haikuwa baridi, shida ni kwamba baridi ilikuwa IMEPUNGUA, barafu imeyeyuka, isingeyeyuka wangevuka kwa miguu tu. Na vifaa vya daraja Napoleon alishaamuru vichomwe siku chache nyuma. Jenerali Eblé aliokoa nyundo, misumari na makaa, vijana wake, baadhi yao Waholanzi, wakaingia kwenye maji yale wakajenga madaraja mawili kwa mbao za nyumba za kijijini, wengi wao hawakuona mwaka mpya.

Baridi ya kuua kweli ilikuja baada ya hapo, Desemba, nyuzi 30 na zaidi chini ya sifuri, hiyo nakupa mjomba. Ila tarehe 5 Desemba Napoleon alishawaacha, kapanda gari lake kaelekea Paris.

Na unajua hadithi yako inatoka wapi? Kwake mwenyewe. Alitangulizia taarifa ya jeshi ya 29 ikatoka gazetini siku mbili kabla hajafika, inasema mpaka tarehe 6 Novemba kila kitu kilikuwa safi, baada ya hapo baridi, farasi elfu 30 wamekufa kwa siku chache. Wanawake wa Paris wanasoma gazeti lile wanatafuta habari za waume zao na watoto wao, na mstari wa mwisho unawaambia afya ya Mfalme haijawahi kuwa nzuri kama sasa.

Msalimie mkaza mjomba. Nikija Jumamosi nakuja na ule mchoro.

Mtoto wa dada yako