Mbona mmemwacha Anna Hofman-Uddgren?

Mhariri,

Makala yenu kuhusu mwanzo wa sinema ya Sweden iliwataja waongozaji Victor Sjöström na Mauritz Stiller tu. Anna Hofman-Uddgren, mwimbaji aliyeendesha kumbi za burudani Stockholm, alianza kuongoza filamu mwaka 1911, kabla ya hao wawili. Mwaka 1912 zikatoka mbili alizotengeneza kutokana na tamthilia za August Strindberg, kwa ruhusa ya mwandishi mwenyewe. Moja, Fröken Julie, imepotea, inauma sana. Nyingine, Fadren, ipo hadi leo, August Falck akicheza baba anayeporomoka akili.

Nafundisha maigizo, na wasichana darasani huniuliza nani alitangulia. Tafadhali chapisheni habari zake, na picha yake iwe kubwa.

Mwalimu wa maigizo,
Tanga