Wabunifu wa vifaa vya kujikinga vitani nao watajwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie watu waliobuni vifaa vya kuokoa maisha vitani, kisha wakasahauliwa.

Mwaka 1941 Luteni Józef Kosacki, mhandisi wa Kipolandi aliyekuwa Uskoti baada ya nchi yake kutekwa na Wajerumani, alitengeneza kifaa cha kugundua mabomu ya kutegwa ardhini ambacho askari mmoja aliweza kukibeba. Kilikuwa na koili mbili (nyaya zilizozungushwa duara) zilizosawazishwa, na palipokuwa na chuma chini usawa huo ulivurugika, mlio ukasikika katika spika za masikioni. Kosacki hakuchukua hataza, yaani haki ya kisheria ya kumiliki uvumbuzi. Aliwapa Waingereza kifaa hicho bure, nao walipokitumia katika vita vya El Alamein, Misri, mwaka 1942, eneo la mchanga lililosafishwa kwa saa moja lilipanda kutoka takriban mita za mraba 100 hadi 200. Jina lake lilifichwa ili ndugu zake waliobaki Poland wasidhurike, na sababu hiyo naikubali kabisa. Nisichokubali ni kwamba vita vilikwisha na bado likaendelea kuandikwa kimakosa. Mwigizaji wa filamu Hedy Lamarr na mtunzi wa muziki George Antheil, waliopata hataza Marekani mwaka huohuo wa 1942 kwa njia ya kubadilisha masafa ya redio mfululizo ili adui asivuruge uongozaji wa torpido (kombora la chini ya maji), hawakufichwa na mtu: jeshi la majini liliweka wazo lao kabatini tu.

Sisi nasi hatuko mbali na jambo hili. Hapo Morogoro, shirika la APOPO kwa kushirikiana na Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo inafundisha panya buku kunusa vilipuzi, kazi inayowezekana kwa kuwa mnyama huyo ni mwepesi mno kulipua bomu analolikanyaga. Magawa, mmoja wao, alitunukiwa nishani ya dhahabu Uingereza mwaka 2020 kwa kazi yake Kambodia, na aliistahili. Lakini sidhani kama msomaji wa hapa Dodoma anaweza kumtaja walau Mtanzania mmoja aliyemfundisha.

Kwa hiyo naomba, gazeti lako litakapoandika habari za MAKISATU, mashindano ya ubunifu ambayo tumezoea kuyaona hapa Dodoma, lichapishe majina ya wabunifu, wanakotoka na jinsi vifaa vyao vinavyofanya kazi, kabla ya hotuba ya mgeni rasmi.

Msomaji wako,
Ipagala, Dodoma