Kabla hujampa mdogo wako funguo

Mwanangu,

Mdogo wako kaniambia Jumamosi unaanza kumfundisha gari. Nimefurahi, maana humu ndani hakuna anayekushinda kushika usukani. Ni mdomo wako unaonitia wasiwasi. Usimfokee.

Kwanza mrekebishie kiti: akikanyaga klachi mpaka chini, goti libaki limekunjika kidogo. Ndala avue, hunasa chini ya pedali. Mafuta asiyaguse kwanza. Mahali tambarare, gia namba moja, aachie klachi taratibu mpaka mlio wa injini ushuke na gari litake kujisogeza. Hapo mguu utulie, ahesabu moja, mbili, ndipo amalizie kuachia. Akiachia kwa pupa gari linazima, na litazima hata mara ishirini. Kila likizima: breki, klachi, gia huru, washa tena. Usigune. Kuguna nako ni kufoka.

Baadaye, akianza kutia mafuta, gari litarukaruka kama chura. Likimtikisa, mguu wake nao unaruka juu ya pedali, basi kila mruko unazaa mwingine. Mwambie "klachi" tu, litatulia. Usipige ukelele wa "simama!" Mwenye hofu akisikia hivyo hukanyaga klachi peke yake gari likaendelea kuserereka, au hukanyaga mafuta akidhani ni breki. Taja pedali yenyewe, kwa sauti ya kuomba chumvi. Mkono wako uwe karibu na handbreki. Ukilazimika, ipandishe polepole, usiinyofoe, matairi ya nyuma yasije yakajifunga.

Akitafuta indiketa akawasha waipa juani, chekeni wote. Nguzo anayoiogopa asiikodolee, maana mikono hufuata macho. Atazame anakotaka kupita. Na mkisikia harufu ya kuungua, angalieni kama handbreki imeshushwa.

Lile bonyeo la mlango wa nyuma wa gari nimelisema sana kuwa ni haraka yako. Lakini nguzo uliiona. Aliyekaa pembeni yako ndiye aliyekuwa anapiga kelele.

Mrudi kabla ya giza. Tangi lina robo tu. Bomba la jikoni bado linavuja, mpira wake mpya uko kwenye droo ya juu. Ukimaliza, spana irudi stoo, isibaki kwenye sinki kama juzi.

Usimfokee, tafadhali.

Baba yako