Acheni kunialika kwa majina ya watu ambao hawakunialika

Malaba, Wilaya ya Tororo,
Uganda.
7 Julai 2025

Kwa Mkuu wa Huduma kwa Wateja,

Ndugu,

YAH: MIALIKO YA MICHEZO INAYOTUMWA KWA MAJINA YA MARAFIKI ZANGU

Mimi ni karani katika ofisi ya wakala wa forodha hapa Malaba, mpakani mwa Uganda na Kenya, na ni mtumiaji wa mtandao wenu wa kijamii kwa mwaka wa nne sasa. Hii ni mara ya nne nawaandikia. Mara tatu za kwanza niliandika ndani ya programu yenu, kwenye ukurasa wa msaada, na kila mara jibu lilikuja kabla sijaweka simu chini: maoni yangu yamepokelewa, asante. Hakuna kilichobadilika. Sasa naandika kwa kirefu, na ninaomba barua hii isomwe na mtu.

Nianze na usiku wa tarehe 11 Juni, maana ndio ulionirudisha kwenu.

Nilikuwa nimelala, simu iko kando ya mto. Kwa kazi yetu simu haizimwi usiku. Dereva anatoka Mombasa, anafika foleni saa tisa za usiku, anakuta sili ya kielektroniki ya kufungia mzigo haisomi au hati moja haionekani kwenye mfumo, na asiponipata trela inawekwa pembeni na siku nzima inapotea. Saa nane na dakika ishirini simu ikalia. Nikaikamata, nikasoma jina kwanza, kama kila mtu anavyofanya. Lilikuwa jina la dereva niliyefanya naye kazi miaka tisa. Picha yake ilikuwa pale pale, ile aliyopigwa ameegemea bampa ya trela, amevaa kofia ya kijani. Chini ya jina paliandikwa: “Anakungoja! Amekutumia sarafu 50. Njoo mcheze pamoja.”

Dereva huyo tulimzika mwezi wa Februari.

Mke wangu aliamka akaniuliza ni mzigo gani umekwama. Sikumjibu. Nilikaa ukingoni mwa kitanda nimeishika simu hadi taa yake ikazima yenyewe, nikaiwasha tena kuhakikisha nimesoma sawa. Kulipokucha nilimpigia mdogo wa marehemu, kwa sababu sikuthubutu kumpigia mjane. Nilitaka kujua simu iko kwa nani. Akaniambia imo sandukuni pamoja na leseni yake na kitabu cha gari, haijachajiwa tangu mazishi. Mchezo wenyewe marehemu aliwahi kuufungua mara moja au mbili akiwa foleni, siku zile magari yanalala barabarani na mtu hana la kufanya. Basi. Hakuna mtoto aliyeichezea, hakuna aliyebonyeza kitu. Mfumo wenu, au wa mchezo mliouruhusu kufanya biashara ndani ya mtandao wenu, ulichukua jina la mtu aliye kaburini na sura yake, ukaja kuniita nayo usiku wa manane.

Ninajua mna maelezo tayari kwamba mialiko inatoka kwa marafiki na kwamba ninyi mnaipitisha tu. Nimeyasoma katika kurasa zenu za msaada. Kwa habari ya rafiki yangu huyu, maelezo hayo si kweli, na mimi ninaamini si kweli kwa mialiko mingi sana ninayopata.

Kwetu mwaliko ni neno la mtu. Mtu akikualika harusini, au kwenye kumaliza matanga, au hata chai ya jioni, amekupa neno lake nawe unamjibu. Usipokwenda unatuma udhuru, na usipotuma udhuru siku mkikutana unaanza na samahani. Ndiyo maana nikiona “fulani amekualika” siwezi kupita kama ninavyolipita tangazo la sabuni. Ninafungua. Hilo mnalijua, na ndilo mnalolitumia. Tangazo la mchezo lingekuja kwa jina la kampuni iliyoutengeneza, ningelifuta bila kufikiri. Linakuja kwa jina la shangazi yangu.

Na huyo shangazi nimtaje vizuri, kwa sababu ameumia kuliko mimi. Anaishi nje kidogo ya mji wa Tororo, umri wake umepita miaka 60, na simu alinunuliwa ili aone picha za wajukuu. Siku moja mjukuu mmoja alifungua mchezo wa gurudumu linalozungushwa ili kushinda sarafu. Nimeuona ukurasa huo baadaye kwenye simu ile ile. Kitufe cha “Endelea” ni kikubwa, cha kijani, kimejaa upana wa kioo. Juu yake kuna orodha ya marafiki wote, na kila jina limeshawekewa alama ya kukubali. Ili usimwalike mtu inakupasa ushuke jina kwa jina uondoe alama. Neno la kuruka hatua hiyo lipo, lakini liko chini kabisa, herufi ndogo za kijivu juu ya rangi nyeupe. Mtoto wa miaka saba hakuliona. Mimi mwenyewe nimelitafuta.

Akabonyeza. Mwaliko wa kuzungusha gurudumu la fedha ukaenda kwa watu 112 kwa jina la bibi yake. Ulimfikia mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji. Ulimfikia kiongozi wa kwaya. Ulimfikia pia mume wa binti yake. Sijui kama huko mliko mnafahamu heshima iliyopo kwetu kati ya mama mkwe na mkwe. Hawakai kiti kimoja, hawataniani, na salamu zao zina mipaka yake. Mama huyu alinipigia akilia, akasema, “Mwanangu, leo mkwe wangu ameniona mcheza kamari.” Jumamosi ile nilikwenda kwake tukakaa chini ya mwembe, yeye akitaja majina na mimi nikiandika, tukatuma ujumbe wa kuomba radhi kwa kila mtu aliyeona kwamba anastahili kuelezwa. Tulimaliza jioni. Wa mkwe tuliuacha mwisho, na hakutaka niuandike mimi. Aliuandika kwa kidole chake mwenyewe, herufi moja moja.

Kuhusu kazi sitaongeza mengi. Mwezi wa Mei dereva mwenye trela ya mayai ya kwenda Nairobi aliniandikia alfajiri kwamba hati moja imeandikwa uzito tofauti. Ujumbe wake ulikaa chini ya mialiko 14 iliyoingia usiku ule, yote ikiwa na mlio ule ule na alama ile ile nyekundu. Niliuona saa nne asubuhi. Mayai yalikaa juani hadi mchana na mwenye mzigo alinipa maneno ambayo nilistahili kuyapokea, kwa sababu kwake yeye mimi ndiye niliyelala.

Msije mkaniambia kwamba nizime arifa. Nimezima. Nilianza kwa kuzima arifa za mchezo ule wa gurudumu, ukaja wa pipi. Nikauzuia wa pipi, ukaja wa shamba. Kila mchezo una mlango wake na kila mlango unafungwa peke yake, na ipo michezo ambayo siwezi kuizuia kabla haijanitumia mwaliko wa kwanza. Njia nyingine mnayotoa ni kuzuia mialiko yote ya rafiki fulani. Hapo mnataka nimfungie mlango mtu wangu kwa kosa ambalo hakulitenda. Nikizima arifa zote za mtandao wenu, nimewazima na madereva. Kitufe kimoja cha kusema “sitaki mwaliko wowote wa mchezo kutoka kwa yeyote” nimekitafuta katika mipangilio, nikamwita kijana wa duka la simu naye akatafuta, hakipo.

Tena sisi huku tunalipia kila mwaliko. Kuanzia Julai 2018 tulitozwa shilingi 200 kwa siku ili kuingia tu kwenye mitandao ya kijamii. Kodi hiyo iliondolewa Julai 2021, ikaja ya asilimia 12 juu ya bando la intaneti. Wengi wetu tulihamia kwenu baada ya Facebook kufungwa hapa nchini Januari 2021, siku chache kabla ya uchaguzi, na tulihamia tukiwa na shughuli: biashara, vikundi vya akiba, habari za jamaa walio mbali. Picha zinazochezacheza za sarafu na pipi zinapakuliwa kwa bando ambalo mama muuza nyanya amelinunua ili aulize bei ya soko la Mbale.

Kijana wangu anasoma sheria Kampala, na yeye ndiye aliyenionyesha kwamba jambo hili lina historia. Oktoba 2015 Mark Zuckerberg, mwanzilishi wa Facebook, alikutana na wanafunzi huko Delhi, India, na swali lililokuwa limepigiwa kura nyingi lilikuwa jinsi ya kukomesha mialiko ya mchezo wa Candy Crush. Alikiri kwamba ni tatizo na kwamba watu wake wanalishughulikia. Mwaka huo huo Marekani, LinkedIn, mtandao wa watu wa kazi na biashara, ilikubali kulipa dola milioni 13 kumaliza kesi ya watumiaji waliosema kwamba barua pepe za kuwakumbusha watu mialiko zilitumwa kwa majina yao bila ridhaa. Januari 2016 mahakama ya juu ya Ujerumani ikaamua kwamba barua pepe za mwaliko ambazo Facebook ilikuwa ikiwatumia watu wasio wanachama, kupitia huduma ya kutafuta marafiki, ni matangazo ya usumbufu. Ni karibu miaka kumi sasa. Mambo haya yalisemwa hadharani na kulipiwa, nanyi mkajenga ukurasa wenye majina yaliyokwisha kuwekewa alama.

Hapa Uganda tuna Sheria ya Ulinzi wa Data na Faragha ya mwaka 2019, na ipo ofisi ya kuisimamia. Sheria hiyo inampa mtu haki ya kuandika na kudai taarifa zake zisitumike kumtangazia biashara. Barua hii ichukuliwe kuwa ndiyo maandishi hayo, kwa upande wangu na kwa upande wa shangazi yangu, ambaye ameweka dole gumba na jina lake kwenye nakala niliyoambatisha.

Ninachotaka ni hiki. Wekeni kitufe cha kukataa mialiko yote ya michezo kwa mara moja, mahali ambapo mzee anaweza kukiona, na mtumiaji akishakataa kibaki hivyo hata mkibadilisha programu. Ondoeni alama za kukubali kwenye orodha ya marafiki. Anayetaka kumwalika mtu amchague mwenyewe, kwa jina, na aulizwe kabla mwaliko haujaondoka. Mwaliko ambao hakuna mtu aliyeutuma usibebe jina wala picha ya mtu. Andikeni kwamba ni tangazo. Na mlio wa ujumbe wa binadamu mwenzangu usiwe mlio wa mchezo. Hilo kwa mafundi wenu naamini si kazi ya mwezi.

Kwa shangazi yangu ninaomba zaidi ya hapo. Watumieni wale watu 112 maelezo yanayosema wazi kwamba mwaliko ule haukutoka kwake. Yeye alikwisha kuwaomba radhi kwa kosa lenu, ninyi bado.

Ninasubiri jibu la maandishi ndani ya siku 14, kwa Kiswahili au Kiingereza, likiwa na jina la mtu aliyeisoma barua. Likikosekana nitaipeleka barua hii na viambatisho vyake kwenye ofisi ya ulinzi wa data Kampala, na kijana wangu ameahidi kuniandikia fomu.

Kuna jambo moja ambalo haliwezi kungoja siku 14. Mjane wa yule dereva naye ni mtumiaji wenu, na jina lake lipo kwenye orodha ya marafiki wa mumewe. Nimeongea na shemeji yake, na kwa kadiri tunavyojua mwaliko haujamfikia, au umemfikia na hajamwambia mtu. Anafungua simu yake usiku, watoto wakishalala. Picha ya kwanza kati ya zile sita za skrini nilizoambatisha ina jina la akaunti ya marehemu. Ninawaomba muisimamishe leo.

Wenu,
Karani wa forodha, Malaba

Viambatisho: picha sita za skrini, nakala ya malalamiko matatu ya awali, maelezo ya shangazi yangu yenye dole gumba.