Sauti ya sinema haikuanza na Al Jolson

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ya Jumapili ilisema sinema ilianza kutoa sauti mwaka 1927, mwimbaji Mmarekani Al Jolson alipoimba. Naomba nafasi nipinge, kwa sababu kuna watu wanaonyimwa haki yao.

Mwaka 1923 Noble Sissle alisimama mbele ya kamera ya mvumbuzi Lee de Forest akaimba, Eubie Blake akimpigia piano. Walikuwa Wamarekani weusi, watu wa vodevili, yale maonyesho ya jukwaani ambamo waimbaji, wacheza dansi na wachekeshaji walipokezana zamu. Sauti yao ilichapwa ukingoni mwa ukanda wenyewe wa filamu. Nimewatazama kwenye simu ya mjukuu wangu. Inakwaruza, lakini vidole vya Blake unavisikia kimoja kimoja.

Kisha, Agosti 6, 1926, kampuni ya Warner ikaonyesha New York filamu fupi za Vitaphone, mtambo wake wa sauti, mmojawapo wa wapigaji akiwa Roy Smeck na gitaa lake la Kihawai. Hapo sauti ilikuwa kwenye santuri. Mimi nimefanya kazi chumba cha mashine katika sinema moja hapa Tanga, najua jasho la kubadilisha rili, lile gurudumu la filamu, bila watazamaji kupiga miluzi. Wale wenzetu wa mashine za Vitaphone walibeba mzigo mzito zaidi: santuri ya inchi 16, sindano iwekwe penye alama barabara, na yote iende sawa na picha kwa dakika kama 11. Sindano ikiruka, mama anafungua kinywa, inatoka sauti ya baba!

Linaloniuma ni malipo waliyopata wasanii wenyewe. Msanii wa vodevili aliweza kula miaka mingi kwa onyesho moja la dakika chache, akilihamisha mji hadi mji. Likishapigwa filamu, kila mji umekwisha kuliona. Mwaka 1932 hata Palace ya New York, jukwaa walilolitamani wote, iligeuzwa ukumbi wa sinema.

Filamu nyingi zilibaki mabubu baada ya kutengana na santuri zake. Tangu 1991 wapenzi wa filamu wa kikundi cha Vitaphone Project wanazitafuta santuri hizo ili zirudishiwe picha zake. Nawaheshimu sana watu hao.

Mkiandika tena habari hii, tafadhali wekeni picha ya Sissle na Blake, tena kubwa, na majina yao chini yake.

Msomaji wenu wa siku nyingi,
Tanga