Malalamiko Kuhusu Mtambo wa Kuvuna Nishati ya Paradoksi

Kwa Meneja,
Idara ya Huduma kwa Wateja.

Ndugu Meneja,

YAH: MTAMBO WA KUVUNA NISHATI KUTOKANA NA PARADOKSI ZA WAKATI

Husika na somo tajwa hapo juu.

Mtambo huu, mnaodai unatoa umeme kutokana na paradoksi, yaani mambo yanayojipinga yenyewe, niliununua kwenu kwa fedha taslimu na risiti ninayo. Nakuandikia wewe moja kwa moja kwa sababu nimechoka kupigwa danadana na wahudumu wa simu. Wa mwisho kuongea naye alinijibu, bila hata kucheka, kwamba fedha zangu nimesharudishiwa, ila ilikuwa katika historia nyingine. Naomba nirudishiwe katika hii.

Kipeperushi chenu kinasema ndani ya mtambo mna chembe inayorudishwa nyuma kidogo kwenye wakati ili ikajizuie yenyewe isiondoke. Ikijizuia, haikuondoka, kama haikuondoka, hakuna wa kuizuia, basi inaondoka. Mnadai maumbile yakibanwa namna hiyo hulazimika kuchagua historia moja na kuitupa nyingine, na nishati ya ile iliyotupwa hubaki kwenye koili, mkaivuna. Maelezo matamu, hilo siwanyimi. Lakini mtambo hauwaki mpaka uchomekwe kwenye soketi ya ukutani, eti kwa ajili ya kuuamsha tu. Nikafunga mita moja kwenye plagi na nyingine kwenye waya unaotoa umeme. Unaoingia unazidi unaotoka saa zote, na ule unaopotea unausikia kwa kiganja: gusa ubavu wa boksi, ni wa moto. Ukichomoa plagi, taa ya kijani yenye maandishi "PARADOKSI INAENDELEA" inafifia, kisha inazimika. Hiyo ni transfoma, ndugu zangu, tena transfoma mbovu. Fundi wenu alipokuja akasema kasoro iko kwenye mita zangu, kwa kuwa zinasoma wakati mmoja tu. Sijui alitaka zisome mingapi.

Ningeishia hapo, ila mmekipamba kipeperushi kwa majina ya watu wenye heshima zao. Ni kweli mwaka 1949 mwanahisabati Kurt Gödel alipata jibu la milinganyo ya Einstein kuhusu mvutano linaloruhusu njia ya kurudi wakati uliopita. Jibu lile linataka ulimwengu mzima uwe unazunguka, jambo ambalo huu wetu haujaonekana kulifanya, na halitafanywa na boksi linalokaa chini ya meza. Mwanafizikia Stephen Hawking mmemweka hadi picha, ilhali mwaka 1992 alichapisha dhana iliyo kinyume chenu kabisa: kwamba sheria za fizikia zenyewe huzuia safari za kurudi nyuma. Mwaka 2009 aliandaa tafrija ya wasafiri wa wakati na kutangaza mwaliko baada ya tafrija kwisha. Hakutokea mtu.

Kilichoniudhi zaidi ni mchoro wa mpira wa biliadi ukurasa wa nyuma. Mpira unaingia kwenye tundu linalorudi nyuma kwenye wakati, unatokea upande wa pili kabla haujaingia, unajigonga wenyewe na kujitoa njiani usiingie. Fumbo hilo aliliuliza mwanafizikia Joseph Polchinski, na mwaka 1991 mwanafizikia mwingine, Kip Thorne, na wenzake wawili walionyesha kwamba lina jibu. Mpira unaotoka hauhitaji kugonga kwa nguvu. Unaweza kuukwaruza ule wa kwanza kwa pembeni tu, ukauchepusha kidogo. Na kwa kuwa umechepushwa, unaingia tunduni kwa mshazari, na kwa kuwa umeingia kwa mshazari, unatoka ukiwa wa kukwaruza tu. Habari inajifunga yenyewe. Hakuna historia iliyotupwa, wala makombo ya kuvuna. Ninyi mmechukua swali mkaliacha jibu.

Na tuseme mko sahihi. Ile historia inayotupwa ina watu ndani au haina? Kama umeme wangu unatoka huko, kuna mtu kama mimi amekaa gizani, na pengine naye anawaandikia barua. Kipeperushi kinajibu kwamba kanuni ya uhifadhi wa nishati haihusu mitambo inayovuka wakati. Mwanahisabati Emmy Noether alichapisha mwaka 1918 uthibitisho kwamba kanuni hiyo inatokana na sheria za maumbile kuwa zilezile jana, leo na kesho. Kama boksi lenu linavunja hilo, basi sheria za maumbile chumbani kwangu zinabadilika siku hadi siku, na onyo lake lilistahili kuandikwa hata kabla ya lile la kukataza kuweka maji karibu.

Kuhusu dhamana, mmeniandikia kwamba imekwisha kwa kuwa inahesabiwa kwa saa ya ndani ya mtambo, ambayo imeshapita miaka 2. Saa za setilaiti za GPS, zilizoko angani na kwenda kasi, zinaitangulia ya ardhini kwa takriban mikrosekunde 38 (sehemu 38 za milioni za sekunde) tu kwa siku. Kama yenu imewahi miaka 2 ikiwa sakafuni, nileteeni vipimo. Kama hakuna, dhamana inahesabiwa kwa tarehe ya risiti.

Nataka fedha zangu zote, pamoja na gharama ya umeme uliolika. Mtambo mje kuuchukua wenyewe, na mje na tarehe iliyoandikwa, ya mbele. Nakala ya risiti na picha za mita zote mbili nimeambatanisha. Msipojibu, barua hii naipeleka kwa mamlaka inayolinda walaji.

Ni mimi mteja wenu.